Wimbo wa Sita Hauna Ngoma

Imenifikia kwenye flashi, ndani ya bahasha ya kaki
iliyokwisha kubeba risiti za mtu mwingine.
Naigaga hakuandika barua. Aliandika jina langu tu
kwa kalamu nyekundu, akalikosea makusudi
kama alivyozoea: Isabiriye,
pigo moja la ziada.

Albamu inaitwa Bila Bati.
Nimelisoma jina hilo mara mbili, kama hati ya mahakama.

Nimefunga karakana mapema. Mageti mawili
ya yule mwalimu wa Masese yamelala chini, hayana rangi.
Leo Walukuba kuna umeme, ajabu.
Sisi tunaolala jirani na bwawa
ndio tunaojua bei ya mshumaa.

Wimbo wa kwanza: sauti yake, kabla ya chombo chochote.
Sauti ile ile ya msumeno kwenye paa
iliyotupa jina, Bendi ya Mabati, watu wanne
ndani ya ghala la kiwanda kilichoacha kufuma.
Pamba ilikuwa bado imenasa kwenye boriti,
na tulipopiga kwa nguvu ilituangukia kichwani
tukaota mvi kabla hatujawa watu.

Gitaa anapiga mtu nisiyemjua.
Anapiga vizuri. Nakiri, na koo linakauka.
Okware angeweka noti tatu pale,
mbili kati ya hizo za kiburi.

Nani alikosa? Siijui hesabu hiyo.
Najua petroli ya jenereta, shilingi elfu kumi na nane,
na harusi moja Iganga ambako bwana harusi
alituomba tupunguze, tupunguze,
tupunguze tena, mpaka tukawa pambo
kama maua ya plastiki mezani kwa wakwe.
Naigaga akazima maikrofoni. Akaukunja waya
taratibu, kutoka kiwiko hadi kidole gumba,
kama mtu anayekunja nguo za marehemu.
"Naenda kupiga kelele zangu," akasema.
Nilicheka.
Mengine yote nimeyasahau au nimeyapanga upya,
hilo limekataa: nilicheka.

Wa pili. Wa tatu, mrefu mno, angeukata.
Wa nne ni wa Kisoga, wa mama yake
aliyeanika dagaa miaka thelathini,
na humo roki inatembea pekupeku,
inachagua pa kukanyaga.
Wa tano unanitukana. Hakutaja mtu,
lakini ni nani mwingine aliyekuwa akikimbiza kila kiitikio
kana kwamba nyuma yake kuna mdai?

Kisha wa sita.
Sauti, besi, na pengo.
Hakuna ngoma. Hakuna hata kopo.
Anaimba mstari, ananyamaza,
na kimya hicho kina umbo, nakifahamu,
kina upana wa mabega yangu.

Sikukusudia. Mkono ulishika tindo,
ukagonga geti la mwalimu: moja, mbili, tatu,
na kwenye nne nikakimbia, kama kawaida yangu,
nusu pigo mbele ya wote.
Naye alikuwa pale.
Alikwisha kuingia. Nusu pigo mapema,
kwenye kosa langu hasa, bila kujikwaa,
kama mtu aliyekuja kupokea mzigo kituoni
na anajua basi hilo huwahi.

Nimeurudisha mara nne kuhakikisha.
Anasamehe? Ananicheka, zamu yake sasa?
Sauti haisemi. Sauti inaimba.

Katika wa saba umeme umekatika.
Zimebaki mbili na kipande, na bwawa linanguruma
likipeleka mwanga kwa watu wengine.
Nimefungua kopo la rangi, nimepaka geti gizani,
upande ule nilioubonyeza kwa tindo.
Mwalimu ataona. Ataomba nipunguze bei.
Nitapunguza.